Ng'ombe wa Mama Waliibwa Bila Kutoka Zizini

Ndugu zangu, mshawahi kuibiwa ng'ombe, halafu mkienda zizini mnawakuta wote wapo, wanacheua?

Mimi nimewahi. Tena mwizi alikuwa mchumba wangu!

Alikaa mbele yangu ofisini, kashika kikombe cha chai, anatabasamu...

"Charles, jina la mama yangu liko wapi humu?"

"Jina gani?"

"Usinizuge! Ruthu, mama yangu! Nimemtafuta kwenye kompyuta hayupo. Na ng'ombe wake wote wameandikwa ni wa baba yako!"

Akapiga funda la chai, akameza taratibu.

"Si wako zizini kwa baba? Basi ni wa baba."

Weee! Nikavuta kiti, nikakaa.

Ngoja niwaeleze, maana vijana wa leo mnaweza msinielewe.

Ilikuwa katikati ya miaka ya tisini, Dodoma. Serikali inajitoa kwenye biashara, kila kitu kinakwenda kwa watu binafsi. Kampuni yetu, Malisho ya Kati, ilikuwa na ofisi Majengo, na ilikuwa imechukua majosho na mnada wa upande wa Chemba. Wakati huo Chemba bado ni ya Wilaya ya Kondoa. Utaratibu mpya: kila mfugaji apate kadi. Huna kadi? Huogeshi ng'ombe, na mnadani huuzi hata mkia!

Mama yangu ni mjane. Ng'ombe ndicho kitu pekee alichoachiwa na marehemu baba. Bila kadi, kwisha habari yake.

Mimi na Charles ndio tulioajiriwa kutengeneza database ya kadi hizo, yaani daftari la ndani ya kompyuta.

Sasa sikilizeni hapa. Kwetu Ugogo mtu mwenye akili hafugi ng'ombe wake wote zizi moja. Anawatawanya. Hawa kwa rafiki, wale kwa shemeji. Ugonjwa ukipiga boma moja, kwingine wanabaki. Anayewalea anakunywa maziwa, na akilea vizuri anapewa ndama. Lakini ng'ombe ni wa mwenyewe! Hata wakikaa huko mpaka wazeeke.

Na mwenye ng'ombe hatangazi wako wapi. Hata watoto wake anaweza asiwaambie. Macho ya watu mengi, jamani.

Ng'ombe wa mama walikuwa wanalelewa na Mzee Marko, baba yake Charles.

Kwa hiyo mimi nilipochora mfumo, niliweka tebo tatu, yaani majedwali. Ya watu. Ya ng'ombe. Na ya Walezi, inayosema ng'ombe huyu wa fulani anakaa kwa fulani. Mwenye mali mbali, anakokaa mali mbali. Nilizunguka mwenyewe boma kwa boma nauliza: "Huyu wa nani? Na yule?"

Charles akaifuta tebo ya Walezi. Akabakiza mtu na ng'ombe walioko kwake, basi!

"Mashine ilikuwa inachelewa," akasema. "Kuunganisha tebo tatu kwa kompyuta hii? Watu watalala mnadani."

"Mashine ikichelewa unaiwekea faharasa itafute haraka! Unahamisha vitu ndani ya diski! Hukati ukweli, Charles! Nani mwenye nini, hilo haliguswi!"

"Debo, acha vitabu."

"Mama yangu atakula vitabu?"

Akashusha sauti, akanisogelea. Hapa ndipo nilipochoka kabisa...

"Mbona unakuwa mgumu? Baba amesema hao ng'ombe ndio atakaowatoa mahari yako. Si watarudi kwenu kulekule? Unalia nini sasa?"

Ndugu zangu!

Yaani mama yangu amuozeshe binti yake kwa ng'ombe wake mwenyewe! Halafu ashukuru!

Nilivua pete nikaiweka juu ya kibodi ya kompyuta.

Nikaenda kwa bosi, Mama Generosa. "Shikamoo mama." Nikamweleza yote. Akavua miwani, akapangusa, akavaa.

"Debora, mimi nataka kadi zitoke Jumamosi mnadani. Mfumo wa Charles una kasi. Mambo ya uchumba kamalizaneni nyumbani."

"Kwa hiyo anayelea ndiye mwenye?"

"Kompyuta ikisema hivyo, ndivyo."

"Kwa kila mtu, mama?"

"Kwa kila mtu!"

Nikasema sawa. Nikatoka zangu. Charles akadhani nimenywea. Thubutu!

Maana kulikuwa na jambo nalijua mimi, yeye halijui. Lilikuwa mlemle kwenye tebo yangu. Angeisoma kabla ya kuifuta, angeliona. Lakini mwenye dharau hasomi.

Na lingine. Mimi ni mtoto wa wafugaji, nitaweka kazi yangu zizi moja? Nilikuwa nimetoa nakala kwenye flopi mbili, zile diski bapa za kuchomeka. Moja kwa shoga yangu Nasma, muuza mchele pale Majengo. Nyingine nilimpelekea mama kijijini.

"Mwanangu, hiki ndiyo nini?"

"Ni ng'ombe wako, mama. Kitunze, usikiloweshe."

Akakifunga kwenye kitambaa, akakitia sandukuni, wala hakuuliza zaidi.

Jumamosi ikafika. Uwanja wa mnada Chemba umefurika. Jenereta inanguruma, kompyuta juu ya meza, printa inakwaruza. Charles kavaa tai, Mama Generosa kakaa pembeni yake. Mzee Marko kakaa mbele kabisa, fimbo katikati ya magoti. Mama yangu kasimama nyuma na wanawake wenzake, kafumbata kile kitambaa cha sandukuni. Mimi niko kando ya meza, mikono nimekunja.

Charles akaanza kusoma.

"Mbaruku Hanifu!"

Mbaruku, mfugaji mmoja mcheshi sana, akaja. Akapewa kadi, akaitazama, akaguna.

"Hawa wote wangu?"

"Kompyuta imesema."

"Alhamdulillah! Kumbe mimi tajiri na sijui!"

Mzee Marko akaruka kama kaketi kwenye moto!

"We Mbaruku! Rudisha hiyo kadi! Hao ng'ombe wangu!"

"Wako vipi, mzee? Si wako zizini kwangu?"

"Nilikupa ulee!"

"Ah! Kumbe kuna kulea?"

Uwanja ukalipuka kwa vicheko. Charles kaduwaa, jasho linamtiririka mpaka kwenye tai.

"Baba... kwani una ng'ombe kwa Mbaruku?"

"Soma mbele, mjinga wewe!"

Akasoma. "Batuli, mke wa marehemu Mgeni."

Mama Batuli hata kadi hakuishika. "Hawa si wangu mwanangu, mnanitafutia laana. Ni wa huyo baba yako."

Jina lililofuata, ng'ombe wa Mzee Marko. Lililofuata, wa Mzee Marko! Mzee wa watu alikuwa ametawanya mali Chemba nzima, na mwanawe, kasoma bweni tangu mdogo, hana habari. Kwa mkono wake mwenyewe alikuwa amemfilisi baba yake mbele ya wilaya nzima!

Mzee Marko akamgeukia Mama Generosa.

"Mama, si kila anayekaa na ng'ombe ndiye mwenye ng'ombe!"

Hapo nikasogea mbele.

"Shikamoo mzee. Naomba urudie, mama yangu yuko nyuma kule hajasikia."

Watu wakageuka kumtazama mama.

"Chagua mzee. Kanuni ni moja kwa wote. Anayelea ndiye mwenye, ng'ombe wako walioko kwa Mbaruku waende. Au mwenye ndiye mwenye, na wa mama yangu warudi."

Akatazama chini. Akakuna udongo na fimbo.

"Mwenye ndiye mwenye," akasema.

"Kwa sauti, baba mkwe!"

"MWENYE NDIYE MWENYE!"

Mama Generosa akamkazia macho Charles. "Ile tebo ya Walezi iko wapi?"

"Niliifuta, mama."

Watu wakaanza kupiga kelele, wengine washanyanyua fimbo. Nikatoa flopi niliyoichukua kwa Nasma asubuhi hiyo, nikaichomeka. Mashine ikaguna... ikaguna... ikaikataa! Vumbi la pumba za mchele lilikuwa limeiingia.

Charles akapumua kidogo, nikamwona.

"Mama!" nikaita. "Ile niliyokupa!"

Mama akapita katikati ya watu, akafungua kitambaa polepole, akanikabidhi flopi ya pili. Nikaichomeka.

Ikaguna... ikatulia... halafu ikafunguka!

Printa ilipoanza kukwaruza RUTHU, mama alishika mdomo kwa mikono miwili. Nililia, sioni aibu kusema.

Mbaruku akarudisha ile kadi kwa mikono miwili. "Nilikutania tu mzee. Hata wangu wako kwa watu!"

Jioni wakati tunafunga vitu, Charles akanifuata.

"Debo, na harusi? Wewe bado ni wangu, unajua."

"Wako? Umeanza tena na tebo yako ya uongo!"

Nikampita.

Na mama yangu? Alimwachia Mzee Marko ndama mmoja, haki yake ya kulea, maana jasho la mlezi halidhulumiwi. Wengine wote akawahamishia kwa Mama Batuli. Kabla hatujazima mashine akaja hadi mezani, akasimama nyuma yangu niandike.

Nilibadilisha neno moja tu kwenye tebo ya Walezi. Kwenye mwenye mali sikugusa kitu.

Basi shikeni hili, hasa dada zangu. Anayekutunza si mwenye wewe. Anaweza kubadilishwa, tena kwa mstari mmoja, na wewe ukabaki wa kwako.

Mama alinigusa bega. "Umeshamwandika Batuli?"

"Tayari, mama."

"Haya. Nipe na kile kijidude changu, nikakifungie sandukuni."