Mraba Mtupu wa Kwanza

Jua lilikuwa linazama fundi chapa alipofunga karakana na kushika njia kwenda kwa mkunga. Kwapani alibana kalenda moja, ya mwisho kati ya mia tatu alizochapa kwa ajili ya mwaka mpya.

Mwaka wa watu wa nchi ile ulikuwa na miezi tisa, kila mmoja siku arobaini. Mwezi wa Majivu ukiisha, kabla Mwezi wa Mbegu haujaanza, kalenda ilikuwa na mraba mmoja mtupu. Uliitwa Kapa. Siku ile haikuhesabiwa kwa kuwa haikuwa ya watu. Tangu jua linapozama mpaka linapozama tena, moto ulizimika wenyewe, maji hayakuchemka, kidonda hakikuuma wala hakikupona. Hata uchungu wa kuzaa ulikatika, ukarudi Kapa ikishapita. Tangu dunia iwe dunia, hakuna aliyewahi kuzaliwa siku hiyo.

Ndiyo maana fundi hakuwa na haraka, ingawa mimba ya mkewe ilikuwa imetimia.

"Wewe na vyuma vyako!" mkewe alimtania mlangoni, alipopitia nyumbani kwanza. "Mtoto atakuja akukute umeinama chini ya meza unatafuta herufi."

"Mwambie asubiri kesho jioni. Leo njia imefungwa."

Mkunga, mwanamke mzee wa maneno machache, alipokea kalenda, akaisogeza karibu na jiko apate mwanga. Akaitazama. Akaitazama tena.

"Fundi... hapa umeweka nini?"

Ndani ya mraba mtupu palikuwa na alama hafifu, kama mkwaruzo wa ukucha.

Moja.

Fundi aliinama kuitazama. Kila mwaka mraba ule aliujaza kwa kipande bubu, kipande cha madini ya risasi kisicho na herufi, ili safu isilegee mashine inapokandamiza. Safari hii kipande kilipotea. Alikitafuta chini ya meza, akakitafuta hata kwenye takataka. Kazi ilikuwa imemkaba kooni, basi akachukua tarakimu ya moja, kuukuu, iliyolika mpaka ikabaki haina uso, akaichomeka pale. Karatasi kumi za mwanzo zilitoka safi. Zilizofuata hakuzikagua.

"Ngapi zimeshatoka?" mkunga alinong'ona.

"Zote. Hii ndiyo ya mwisho."

Nje, mwanga wa mwisho ulifutika. Wote wawili waligeukia jiko, wakingoja moto ufe kama ulivyokufa kila mwaka.

Haukufa.

"Umeipa tarakimu," mkunga alisema. "Sasa ni siku kama siku nyingine." Akanyakua mkoba wake. "Twende kwa mkeo. Upesi!"

Mtaa ulikuwa kimya, madirisha yote yamefungwa. Mkunga alitangulia, fundi akamfuata. Alisikia viatu vya mkunga... viatu vyake mwenyewe... na nyuma yao, miguu mitupu.

Harufu ya wino mbichi ikamjaa puani.

"Usigeuke," mkunga alisema bila kugeuka.

Sauti ikaja karibu na sikio la fundi, laini, yenye adabu, kama ya mteja aliyeridhika.

"Asante, fundi. Miaka yote hii nilikosa pa kupitia."

Kisha nyayo zikawapita, zikaelekea nyumbani kwake.

Walimkuta mkewe amepiga magoti sakafuni, ameng'ang'ania mguu wa kitanda. Jasho lilikuwa likimchuruzika.

"Mbona uchungu haukatiki?" alilia. "Mume wangu, mbona haukatiki?"

Mkunga aliweka sikio juu ya tumbo. Miezi yote alikuwa amesikiliza moyo mmoja mle ndani. Alisikiliza sana. Halafu akainua mkono taratibu, akamwonyesha fundi vidole.

Viwili.

Wa kwanza, msichana, alikuja akilia kama watoto wote. Wa pili, msichana pia, alikuja kimya, macho wazi. Alimtazama mkunga, akamtazama fundi, akamtazama mama yake, mmoja baada ya mwingine, kama mtu anayehesabu. Kwenye unyayo wake palikuwa na mkwaruzo mmoja hafifu.

"Huyu si..." fundi alianza.

"Nipe," mkewe alisema. Alinyoosha mikono. "Amelala tumboni mwangu, hata kama ni kwa jioni moja. Nipe."

Mkunga alipokuwa akiondoka alimvuta fundi kando. "Wote wawili wamezaliwa ndani ya siku hiyo. Mwakani ukirudisha mraba mtupu, sijui utakuwa umemfuta nani. Ukiiacha tarakimu, sijui nani mwingine atapita."

Mwaka ulikwenda mbio. Alama ya unyayoni ilififia, ikapotea. Watoto walifanana kama matone ya maji. Kilichowatenganisha ni kwamba yule wa pili hakuwahi kutoa sauti, hata alipoanguka. Kipande bubu kilionekana asubuhi moja, ndani ya ngumi yake.

Siku ya kuchapa kalenda mpya ilipofika, fundi alisimama mbele ya mashine, kipande bubu mkono huu, tarakimu ya moja iliyolika mkono ule. Safu zote zilikuwa tayari. Mraba ulimngoja.

Mkewe aliingia akiwa amewapakata watoto wote wawili, akasimama nyuma yake. "Umeamua?"

Fundi alivipima vile vipande viwili viganjani.

"Baba," ikaita sauti ile ile ya usiku wa Kapa, laini, yenye adabu. "Umeniandika?"

Fundi aligeuka. Watoto wote wawili walikuwa wakimtazama, na midomo iliyokuwa bado inafumba ni ya yule wa kwanza, aliyezaliwa akilia.