Alama za Mahat

Siku hiyo dukani walikuwa watatu: rafiki yangu Sabrin, mama mkwe wake Amino, na Abshir, fundi wa simu hapa Garissa. Sabrin alikuwa amemaliza eda ya mumewe, Mahat, huko kijijini. Aliileta simu ya marehemu itengenezwe, aone alama za mchezo wa mtandaoni waliokuwa wakishindana kuucheza. Mahat alizoea kumtania, "Nimekupita tena, mama Idil!"

Umeme ukapotea. Abshir akampapasia Amino kiti gizani, akamkalisha. Simu ya Sabrin, iliyokosa mtandao kijijini tangu msiba, ikaanza kulia: ting, ting, ting.

"Mahat amekupita," Abshir akamsomea Sabrin ujumbe wa mchezo. "Walahi, abaayo, dada yangu, alama hizi ni za leo."

Simu ya Mahat ilikuwa mezani, bila betri.

Sabrin sasa amehamia Garissa, kwa sababu huku kuna mtandao.