Aliyeitika Chumba cha Juu

Sauti ile Rawiya aliisikia kwanza kwenye mkanda. Alikuwa kwake Kikwajuni, visikizi masikioni, akikagua picha za filamu yake alizopiga asubuhi nyumbani kwa shangazi yake, Bi Sheikha, Mji Mkongwe. Kwenye picha, shangazi aliita, "Khalil!" Na kutoka chumba cha juu, kilichofungwa tangu mwaka wa mapinduzi, mtu akaitika taratibu, "Naam."

Rawiya alishapeleka kamera kwenye kambi za wakimbizi Kigoma na vijiji vilivyochomwa moto nchi za jirani, asiogope. Filamu hii ya mwaka 1999 ndiyo ya kwanza kuhusu watu wake mwenyewe: baba Mmanga, Mwarabu wa asili ya Omani, mama Mtumbatu, na ami yake Khalil, aliyetoka kutafuta mkate siku za mapinduzi asirudi tena.

Asubuhi ile shangazi alikataa kwanza kumwita. "Jina la asiyejulikana alipo haliitwi ndani, mwanangu. Hujui nani ataitika."

"Mara moja tu, shangazi. Kama ulivyomwita siku ile."

Sasa Rawiya alirudi mbio Mji Mkongwe. Ngazi zilinuka udi na tope. Bi Sheikha alikuwa amevaa nguo za Idi, mbele yake vikombe viwili vya chai.

"Shh! Keshalala," alinong'ona, akicheka kama mwari. "Magharibi tunaondoka pamoja."

"Shangazi, ami alikufa!"

"Wewe umeiona maiti?"

 Rawiya alimwita Mwalimu Kheir, msomaji wa azaima za kufukuza mashetani. Mwalimu alifukiza ubani, akaanza kusoma, na kadiri alivyosoma ndivyo dari ilivyolia, kwanza kama panya, kisha kama mtu anayeburuta kitanda, kisha kama watu wengi wanaotafuta mlango gizani wasiuone, huku Bi Sheikha akilia, "Msimfukuze, nshamngoja sana!"

"Huyu si Khalil," Mwalimu alisema, jasho likimtiririka. "Ni jini, kajivika jina la mtu. Kaingia kwa wito uliomo kwenye mkanda. Uchome. Na leo usiitike sauti yoyote mpaka umwone mwenye kuita."

Mkanda ule ndio pekee wenye sauti ya shangazi akimtaja kaka yake. Rawiya alimtazama bibi yule akitetemeka ndani ya nguo za Idi, akautoa mkanda mkobani, akautia kwenye makaa.

Dari ikanyamaza. Harufu ikaondoka. Mwalimu akaenda zake msikitini, na Bi Sheikha, amechoka, akaomba uji.

Adhana ya magharibi ilimkuta Rawiya jikoni, akiosha vikombe.

"Rawiya!"

Ilikuwa sauti ya shangazi, ile aliyolelewa nayo, isiyosubirishwa. Ulimi ukamtangulia.

"Naam, shangazi!"

Kisha akageuka. Bi Sheikha alikuwa nyuma yake, juu ya kibao, bakuli la uji mapajani na kiganja kimeziba mdomo. Macho yake yalikuwa kwenye dari.

Kule juu mlango ulifunguka, na mtu akaanza kushuka ngazi.