Mashine ya Mgeni

Emmah alikuwa amefikia sweta ya kumi na nne. Aliigeuza ndani nje, akatafuta nyuzi zilizoning'inia kwenye mishono, akazikata kwa mkasi mdogo, kisha akaigeuza tena na kuikunja. Mikono kwanza, halafu mwili, nembo ya shule ikitazama juu.

Ilikuwa Jumatano, wiki ya kwanza ya likizo ya Desemba. Karakana ya baba yake ilikuwa ghorofa ya kwanza mjini Thika, chumba kirefu chenye madirisha manne na mashine nne za kufuma. Shule mbili, moja ya Ruiru na nyingine ya Witeithie, zilitaka sweta zao kabla ya Januari. Kwa hiyo Emmah, ambaye alikuwa na miaka kumi na miwili, alitoka nyumbani Ngoingwa pamoja na baba yake kila asubuhi ili kusaidia.

"Kamene," aliita Mama Bedan bila kugeuka. "Niletee uzi wa kijani."

Mama Bedan ndiye aliyekuwa mfumaji wa zamani kuliko wote. Kamene alikuwa mgeni, msichana wa miaka ishirini aliyetoka upande wa Matuu. Hii ilikuwa kazi yake ya kwanza tangu amalize chuo cha ufundi. Aliketi kwenye mashine ya mwisho, karibu na mlango. Alisukuma mkono wa mashine kulia, akagusa simu iliyokuwa pembeni. Akausukuma kushoto, akagusa simu tena.

"Kamene wee!"

Hakuitika. Mama Bedan alisimama polepole, akaenda kabatini mwenyewe, akarudi na uzi. Muda mfupi baadaye Kamene aliinua kichwa.

"Pole, Mama Bedan. Ulikuwa unataka uzi gani?"

"Huo nimeshauendea. Nimezeeka njiani, nimerudi."

Wafumaji wengine wawili walicheka. Kamene alitabasamu kidogo, akainama tena kwenye mashine yake.

Jioni hiyo baba yake Emmah, Bwana Zacharia, alimwita kwenye meza yake. Alikuwa mtu mpole, na hakupenda kupandisha sauti.

"Emmah, kuja. Huyu dada amekuwa kwa majaribio miezi mitatu. Inaisha kesho kutwa, Ijumaa. Watu wananiambia ni wa simu tu, na akiitwa haitiki. Mimi sitaki kumwachisha mtu kazi kwa maneno ya watu." Alifungua daftari, akachora mistari kwa rula na kupata visanduku vinane. "Kesho, kuanzia saa mbili, kila nusu saa uandike anachofanya. Usiongeze, usipunguze."

Emmah alifurahi. Hakuwa amewahi kupewa kazi kubwa namna hiyo.

Siku ya Alhamisi aliketi na rundo lake la sweta mahali ambapo angemwona Kamene vizuri. Saa mbili kamili alitazama, akaandika: Simu. Saa mbili na nusu, Kamene alikuwa anasukuma mkono wa mashine na kugusa simu. Emmah akaandika: Simu. Saa tatu, simu. Saa tatu na nusu, simu.

"Unaniandika, karani?" Kamene alimuuliza alipopita kwenda kunywa maji. Hakuonekana kukasirika.

"Ni kazi ya Baba," Emmah alisema, akafunika daftari kwa mkono.

"Sawa. Andika na nywele. Nimesuka jana na hakuna mtu amezisifu."

Kabla ya saa nne, rafiki yake Dianah alichungulia mlangoni. Mama yake Dianah alikuwa na duka la vitambaa chini ya ngazi. "Emmah, tunacheza kati huku nyuma. Tumebaki wawili wa kurusha mpira, tunakosa wa kuukwepa katikati. Dakika kumi tu."

Emmah alitazama daftari, akamtazama Kamene. Dakika kumi si nyingi. Akashuka.

Ukicheza kati na mpira mzuri wa soksi, ukiwa hodari wa kuukwepa, huwezi kujua saa zimekwenda vipi. Emmah alikwepa mpaka wenzake wakachoka kurusha. Aliposikia mama yake Dianah akiwaita kula, alipanda ngazi mbio. Ilikuwa saa sita.

Visanduku vinne vilikuwa vitupu. Kamene alikuwa kwenye mashine yake, simu pembeni, kama alivyomwacha. Emmah aliwaza kwamba hakuna kilichobadilika. Akachukua kalamu, akaandika haraka: Simu. Simu. Simu. Simu. Kisha akampelekea baba yake daftari.

Bwana Zacharia alisoma kutoka juu mpaka chini. Akarudia kusoma. Baada ya chakula cha mchana alimwita Kamene mezani. Mama Bedan alikuwa ameondoka kwenda Ruiru na boda boda kupeleka sweta za kwanza. Emmah alibaki akikunja, mita chache kutoka pale.

"Kamene, keti," Bwana Zacharia alisema. "Nimefikiria sana. Sweta zako zinatoka vizuri, siwezi kukudanganya. Lakini unatoa tatu wakati wenzako wanatoa tano. Na asubuhi yote ya leo umekuwa kwa simu. Imeandikwa hapa. Naona kesho iwe siku yako ya mwisho."

Kamene alilivuta daftari karibu. Alipitisha kidole kwenye visanduku, kimoja kimoja.

"Boss, hizi za mwanzo ni kweli, nilikuwa nashika simu. Lakini saa nne na nusu sikuwa hata kwa mashine. Saa tano pia. Mama Bedan aliniambia nimsaidie kupiga pasi sweta za Ruiru, ndiyo zikaenda mapema."

"Mama Bedan hayuko hapa aseme," alijibu Bwana Zacharia. "Na aliyeandika hana sababu ya kukusingizia."

Kamene alilisukuma daftari polepole mpaka upande wa pili wa meza. Emmah aliitazama sweta iliyokuwa mapajani mwake na kugundua kwamba amekata uzi usiofaa kukatwa.

Angeweza kunyamaza. Mama Bedan angerudi jioni, pengine akiwa amechoka, pengine asiulizwe. Lakini Kamene angerudi nyumbani leo akijua kwamba amefukuzwa, na Emmah ndiye angekuwa amemfukuza.

"Baba," alisema. Sauti haikutoka vizuri, akarudia. "Baba, zile nne za mwisho sikuziona."

"Hukuziona vipi?"

"Nilienda kucheza kati. Nilirudi saa sita, nikajaza. Nilifikiri bado ni simu."

Mashine za wafumaji wawili waliobaki zilinyamaza. Bwana Zacharia alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Na zile nne za kwanza?"

"Hizo niliziona. Aliishika simu kweli." Emmah alifuta machozi kwa mkono. "Lakini sikuangalia alikuwa anaifanyia nini. Niliandika tu simu."

Baba yake akamgeukia Kamene. "Hata mimi sikuuliza. Miezi mitatu. Ulikuwa unaifanyia nini?"

Kamene alienda akaleta simu yake. Kwenye kioo kulikuwa na namba moja kubwa: 47. Akagusa, ikawa 48.

"Nahesabu mistari, Boss. Mkono wa sweta ni mistari tisini na sita. Nikikosea miwili, mkono mmoja unakuwa mrefu kuliko mwingine. Mashine za wengine zina kile kisanduku kidogo cha juu kinachohesabu. Yangu haina. Ndiyo maana nikiitwa siitiki mara moja. Nikiitika kabla ya kugusa, sijui kama mstari huo nimeuhesabu."

Bwana Zacharia alisimama, akaenda kwenye mashine ya mwisho. Palipofaa kuwa na kisanduku cha namba palikuwa na matundu mawili ya skrubu, yamejaa vumbi. Alipitisha kidole juu yake.

"Kilivunjika nikakitoa," alisema, kama mtu anayejiambia mwenyewe. "Kabla Emmah hajaanza shule. Nikasema nitanunua kingine."

Katika karakana ile mgeni alipewa mashine ya zamani kuliko zote. Ndivyo ilivyokuwa tangu mwanzo. Mama Bedan alianzia hapo, na wengine wawili pia. Anayeingia huketi karibu na mlango, na akija mwingine nyuma yake husogea. Hakuna aliyewahi kuona ubaya wowote.

"Mbona hukuniambia?"

"Nilikuambia siku ya kwanza, Boss. Nilisema mashine hii haihesabu. Ukasema kila mgeni huanza na hiyo, nizoee kwanza. Nikafikiri ni mtihani. Nikatafuta njia ya kuupita."

Bwana Zacharia aliketi kwenye kiti cha Kamene. Akaushika mkono wa mashine. "Emmah, niite nikifuma."

Alianza kusukuma. Kulia, kushoto, kulia, midomo ikicheza.

"Baba."

"Naam."

"Leo tutakula nini?"

"Mukimo, nadhani, kama mama yako—" Alisimama. Akatazama nyuzi, akatazama dari. "Nilikuwa tisa au kumi?"

"Kumi na mbili," alisema Kamene, na wote wakacheka, Bwana Zacharia akiwa wa kwanza.

Mama Bedan aliporudi, jua lilikuwa limeanza kushuka. Aliambiwa yote. Aliketi akavua viatu, akamgeukia Kamene.

"Mimi nilifumia mashine hiyo miaka miwili baada ya kisanduku kuvunjika," alisema. "Kila mistari ishirini nilikuwa naning'iniza kipande cha uzi mwekundu pembeni. Nikiitwa, naitika, nikirudi nahesabu vipande. Hukuona vipande kwenye ndoo ya chini?"

"Nilidhani ni takataka, nikavitupa."

"Haki ya Mungu. Ungeniuliza."

"Mama Bedan, siku ya pili nilikuuliza jambo ukaniambia kazi inaonekana kwa macho."

"Nilisema hivyo kweli," alikubali Mama Bedan. "Nami niliambiwa hivyo nilipoanza, na nililia chooni. Leta kiti hapa. Na hiyo simu, inaweza kunihesabia sweta nilizomaliza? Huwa napotea nikifika thelathini."

"Inaweza. Nitakuonyesha."

Wakakaa pamoja, vichwa vimekaribiana. Bwana Zacharia alimwita Emmah mezani, akamfungulia ukurasa uleule.

"Usiuchane. Chini yake andika kilichotokea kweli."

Emmah aliandika polepole. Aliandika kwamba saa nne mpaka saa sita hakuwepo. Aliandika kwamba Kamene alikuwa anapiga pasi na kuhesabu mistari. Alipomaliza, alimwendea Kamene.

"Kamene, nisamehe. Ungeondoka kwa sababu yangu."

"Ningeondoka, ndiyo," alisema Kamene. "Lakini umesema mbele ya watu, na baba yako akiwa ameshaamua. Mimi nikiwa na miaka kama yako nisingeweza. Asante, Emmah." Akamvuta kando kidogo, akanong'ona, "Na nywele?"

"Ni nzuri."

Bwana Zacharia alikuwa amesimama nyuma yao. "Mimi pia nawashukuru nyote wawili," alisema. "Kamene, kazi ni yako. Kesho asubuhi nitaenda dukani kutafuta kisanduku, na mgeni atakayekuja baada yako hatapewa mashine mbovu. Nilimwona kijana na simu, nikadhani najua kila kitu, kumbe nilihitaji kumuuliza swali moja." Akamwekea Emmah mkono begani. "Nawe, ukitumwa kutazama, tazama mpaka mwisho. Ambapo hukuona, andika kwamba hukuona. Kisanduku kitupu hakimdhuru mtu. Kilichojazwa uongo kinaweza kumtoa mtu kazini. Lakini ulipoona umekosea hukusubiri uulizwe, na kwa hilo nakushukuru zaidi."

Taa za barabarani zilikuwa zinawaka. Mkono wa sweta ya Kamene ulikuwa bado kwenye mashine, mistari sitini na minane, na mingine ishirini na minane haijafumwa. Emmah alikuwa na sweta kumi na moja za kukunja. Mama Bedan alizima pasi, akafunika mashine yake kwa kitambaa, kisha akafunika na ya Kamene.

"Iacheni hapo hapo," alisema. "Tutaimalizia kesho."