Hodi ya Tamthilia Mpya

Tamthilia ile haikuwa na picha. Mwanakhamisi ndiye aliyeiona kwanza, kikombe cha chai mkononi, wakati mumewe Mrisho anapitisha rimoti kwenye safu ya "Mpya Wiki Hii" ya programu yao ya filamu kama alivyozoea kila asubuhi kabla hata ya kunawa uso. Nyingine zote zilikuwa na mabango yake: wanaume wenye bastola, wasichana wa Kikorea wanaolia kwenye mvua. Hii ilikuwa kisanduku cheusi tu, na ndani ya weusi huo, ukikazia macho, uliona mlango.

"Hiyo mbona haina hata jina?" aliuliza.

"Ndiyo kwanza wameipandisha," Mrisho akasema, na uso ukamchangamka. "Mama Yasmini, hii hakuna aliyeiwahi. Kasian wa Uyole atalia."

Kuwahi ndiyo ilikuwa kazi yake. Mrisho alikuwa mtafsiri wa filamu pale Mlandege, yule mtu ambaye unamsikia kwenye vibanda vya video akizungumza juu ya waigizaji, akisema ya mume, ya mke, ya mtoto na ya mbwa. Kiingereza alikijua cha kuombea maji, na Kikorea hakujua hata hicho, lakini hilo halikumsumbua wala halikuwasumbua wateja wake kuanzia mjini mpaka Igowole. Alitazama midomo, akatazama macho, akasema kilichofaa kusemwa. Na kwa kuwa babu yake alitoka Tanga, waigizaji wake wote, hata majambazi wa Kichina, walikuwa na adabu za pwani. Hawakuingia nyumba ya mtu bila hodi. Watu walimpendea hapo hapo.

Alirekodia chumba cha uani, kuta zimebandikwa trei za mayai kuzuia mwangwi. Asubuhi ile Mwanakhamisi alikuwa nje ya chumba hicho akichambua maharage, mlango uko wazi, akaona yote. Mwanamke aliyejifunika nguo nyeusi amesimama mbele ya nyumba, ametupa mgongo. Hakuna muziki, hakuna neno, hata upepo haukusikika. Mkono wake ulinyanyuka ukagonga mlango, na kugonga kwenyewe kukawa kimya.

Mrisho hakupenda kimya kwenye kazi yake. Akalegeza koo. "Hodi! Hodi wenyewe!" alisema kwa sauti nyembamba ya kike. Kisha kwa sauti nzito ya baba mwenye nyumba: "Karibu! Karibu ndani!" Akarudi kwenye ile nyembamba, akaivuta kwa madaha kama bibi yake alivyokuwa akijibu: "Starehe, nishakaribia."

Kwenye kioo, mlango ukafunguka. Sehemu ya kwanza ikaishia hapo.

"Fupi hiyo," Mwanakhamisi alisema.

"Wanatuonjesha," Mrisho akajibu, akicheka.

Jioni nyumba ikanuka udi, udi uliolowa maji. Mwanakhamisi alifungua chetezo akakuta majivu makavu ya Idi iliyopita. Akafunga madirisha akidhani ni kwa jirani, lakini jirani yao alikuwa mama wa Kilutheri kutoka Kilolo ambaye hajawahi kufukiza kitu maishani mwake zaidi ya moshi wa kuni.

Sasa Yasmini. Huyu alikuwa binti yao wa pekee, mwanafunzi wa darasa la kwanza, mdomo haufungi. Alimwiga baba yake kutwa nzima: akila ugali alitafsiri ugali, akimwona kuku alisema mawazo ya kuku. Mwanakhamisi alikuwa akimwambia, "Hebu nipumzishe masikio, mwanangu," na leo angetoa chochote alicho nacho maneno hayo yafutike. Kwa maana kesho yake mtoto aliamka sauti imekwaruza. Wakasema ni baridi ya Juni, wakampa tangawizi. Siku iliyofuata akabaki kupumua tu. Hospitali daktari alimmulika koo akatikisa kichwa. "Mama, hili koo ni zima kabisa. Mimi sioni kinachomzuia kusema."

Na kwenye "Mpya Wiki Hii" sehemu ya pili ilikuwa imeshaingia.

Mrisho aliitafsiri, kwa sababu wateja walikuwa wameipenda ile ya kwanza na simu zilikuwa hazikatiki. Mwanakhamisi alikuwa jikoni aliposikia kicheko cha Yasmini kinatoka chumba cha uani, kicheko chenyewe kile cha kukatikakatika, akatupa mwiko chini akakimbia huku anamshukuru Mungu kwa sauti. Akamkuta Mrisho peke yake, amevua vifaa vya masikioni, amekauka kwenye kiti. Kwenye kioo mwanamke mwenye nguo nyeusi sasa alikuwa ndani ya nyumba, anatembea ukumbini, bado kageuza mgongo, na sauti iliyotoka kwenye spika ilikuwa ya mtoto wao.

"Hiyo sikuitia mimi," Mrisho alinong'ona. "Wallahi, mke wangu, mimi nilisema kwa koo langu. Nimeicheza niisikilize, imetoka hiyo."

Mwanakhamisi aligeuka. Yasmini alikuwa amesimama nyuma yake mlangoni, midomo kaibana, machozi yanamtiririka bila mlio.

Walimpigia Kasian, mtafsiri mwenzake, kule Uyole. Malori yalisikika yakipita nyuma yake barabarani.

"Kwangu haipo, kaka," alisema Kasian. "Hiyo safu ninayo hapa mbele, nimeipekua mpaka mwisho. Ninyi mnaona nini huko?" Akaongeza: "Halafu mfungulieni basi huyo mtu. Tangu mpige simu anabisha hodi tu, hamumsikii?"

Hakuna aliyekuwa akibisha hodi.

Wakaifuta ile programu, wakachomoa waya, wakaigeuza runinga ikatazama ukuta. Ikatokea kwenye simu ya Mrisho. Akaizima simu, na asubuhi yake runinga ilikuwa imegeuka, imewaka, na kisanduku cheusi kipo kwenye safu mahali pake. Yasmini akaanza kupoa. Ukimshika mkono ulihisi umeshika chuma cha bomba alfajiri, na Mwanakhamisi alimfunga blanketi juu ya blanketi, akambeba mgongoni kama mtoto mchanga, akazunguka naye ukumbini akimsemesha, akimbembeleza, akimwahidi kila kitu kilichopo dukani, ilimradi aseme neno moja tu, hata la utovu wa adabu, hata tusi.

Shehe Hamza alikuja baada ya alasiri. Hakufungua msahafu kwanza, aliuliza.

"Alipopiga hodi, nani alimwitikia?"

"Nilitafsiri tu, shehe," alisema Mrisho. "Ndiyo kazi yangu."

"Nakuuliza, neno 'karibu' lilitoka kinywani mwa nani? Ndani ya nyumba ya nani?"

"Mwangu," alisema Mrisho. "Na nyumba ni yangu."

"Wenzetu hao hawajui kutafsiri, mwanangu. Hodi ni hodi. Amebisha, mwenye nyumba kamkaribisha, na mgeni hula anachokikuta." Shehe alimtazama mtoto kwa huruma. "Bado yuko ukumbini kwenu. Hajafika ndani kabisa. Leo ataomba mlango wa mwisho, na asipoitikiwa mpaka adhana ya magharibi, atatoka, na alichokichukua atakiacha kizingitini. Lakini mtu asiitikie! Hata kwa kikohozi. Atakuja na kila sauti aliyo nayo. Mnanisikia?"

"Tunakusikia, shehe."

Mrisho alijifunga kitambaa mdomoni, maana aliuogopa ulimi wake. Mwanakhamisi alikaa mkekani chumbani mwao, mbele ya runinga, na Yasmini mapajani. Ukungu ulikuwa umeshuka mapema, dirisha limekuwa jeupe, na shehe akaanza kusoma kwa sauti ya chini. Runinga ikawaka yenyewe. Ule mlango wa kwenye kioo ulikuwa wa buluu, una mkwaruzo karibu na kitasa, na Mwanakhamisi hakuhitaji kugeuka kuujua: ni wa chumba hicho hicho walichokaa.

"Hodi," ikasema sauti ya Mrisho. Mrisho mwenyewe akafumba macho.

"Hodi jamani," ikasema ya Kasian.

"Hodi, mwanangu," ikasema ya mama yake Mwanakhamisi, ambaye walimzika Tanga, na Mwanakhamisi akauma kanga yake, na shehe akazidisha kusoma, na harufu ya udi mbichi ikajaa mpaka ikamkaba.

Kisha kimya. Kisha kugonga kwa vidole vidogo.

"Mama, hodi. Mama, ni mimi. Huku baridi."

Alikuwa hajaisikia sauti ile siku zote hizo za kubembeleza na kuomba, na sasa ilikuwa hapo, nyembamba, inatetemeka, inamwita yeye na si mwingine, na alipomwangalia mtoto mapajani aliona midomo yake nayo inacheza, neno kwa neno, inasema "mama, baridi" bila mlio, akajiambia kwamba shehe ni mtu tu na huenda kakosea, kwamba sauti iliyo nje ndiyo mtoto wake na akiiacha nje amemwacha mwanawe nje, na Mrisho alikuwa ameliona wazo hilo usoni mwake na alikuwa anatambaa kumfikia, ananguruma ndani ya kitambaa, mkono umenyooka, lakini mama yule alikuwa ameshafungua kinywa.

"Karibu, mwanangu. Ingia, mama."

Runinga ikazima. Shehe akaacha kusoma. Msikitini mwadhini akaanza kuita.

Yasmini alimeza mate. Mikono yake ikapata joto. Akainua uso akatabasamu.

"Yasmini? Umepona, mwanangu?"

"Starehe," mtoto alisema, sauti safi, akiivuta kwa madaha. "Nishakaribia."

Leo ukipita Mlandege utamwona. Anasoma vizuri, ana adabu mno, na majirani wanamsifu Mungu kwa uponyaji ule. Nywele zake tu zinanuka udi uliolowa, na hakuna sabuni inayoutoa. Mrisho hatafsiri tena. Hata salamu ya mtu hurudisha kwa kutikisa kichwa.

Na Mwanakhamisi kila asubuhi, kabla ya kunawa uso, hushika rimoti akaenda "Mpya Wiki Hii". Mara nyingi hamna kitu. Lakini zipo siku ambazo kisanduku cheusi kimo, na akikifungua huona mlango wa buluu kwa nje, na ukungu, na mtoto wa kike mwenye blanketi anayegonga, anagonga, anafungua mdomo, na hauna sauti. Hapo mama huweka viganja kwenye kioo. "Karibu," humwambia. "Karibu, mwanangu, karibu, ingia," mpaka koo linakauka.

Na kutoka jikoni mtoto humjibu, "Starehe, mama."