Geti la Ukurasa wa Tisini na Mbili

Mzee Orrin alikifunua kitabu changu mezani, akasogeza kikombe cha kahawa pembeni, akaweka kidole juu ya picha.

"Maren, mwanangu, hebu niambie. Hili geti liko wazi au limefungwa?"

Nikacheka kidogo. Picha ile naijua kuliko uso wangu: Royce, kauboi wa hapa ranchini, juu ya farasi wake wa kijivu, asubuhi ya Mei, vumbi linang'aa nyuma yake. Montana nzima wameisifia. Mwandishi ni mimi, mpiga picha ni mimi. Miaka minne nimekaa kwenye ranchi ya huyu mzee nikiandika maisha ya makauboi wa leo. Nikainama kuangalia. Pembeni kabisa, nyuma ya mkia wa farasi, mnyororo unaning'inia na geti liko wazi.



"Nani alipita mwisho siku ile?"

"Mimi."

Huku kwetu anayepita mwisho ndiye anayefunga geti, awe mgeni au mwenye shamba. Royce alitangulia na farasi, mimi nikafuata na pikapu. Jua lilikuwa linapanda, nikampita mbio nimpige picha kabla mwanga haujaharibika. Akaniuliza kama nimefunga. Nikajibu nimefunga, jicho likiwa kwenye kamera, na niliamini nimefunga.

Mafahali wanne wakapita hapo, wakaingia kwa mitamba ambao hawakutakiwa kupandwa hadi mwisho wa Juni, ili wazae theluji ikiisha. Mzee alipouliza, Royce akasema kosa ni lake. Februari mitamba wakaanza kuzaa katikati ya dhoruba ya theluji. Ndama tuliwabeba mpaka jikoni, tukawasugua kwa mataulo, wakatufia mikononi. Tisa. Royce akafukuzwa. Harusi yangu na Royce ilikuwa imepangwa Juni.

Mimi nilimfanyia nini? Nilimrudishia pete mbele ya wafanyakazi wote, nikamwambia siolewi na mzembe. Aliitia mfukoni akaondoka. Halafu, kwa hasira zangu, nikaandika kitabuni: Royce Haldane alisahau geti moja, ndama tisa wakaganda. Ukurasa wa tisini na mbili. Unaotazamana nao ndio una ile picha.

"Nyie mnaangalia sura ya mtu," mzee akasema. "Mfugaji anaangalia geti kwanza."

Hakunigombeza, na ingekuwa afadhali angenigombeza. Alivaa kofia akatoka, nikamwona dirishani amesimama tu zizini. Royce alimfanyia kazi miaka kumi na moja.

Nikampigia Royce. Siku hizi yuko Nebraska, analisha ng'ombe wa watu kwenye mazizi ya kunenepeshea. Alipokea mara ya tatu.

"Ulijua?"

"Nijue nini?"

"Geti, Royce. Usinizungushe."

Nikasikia ng'ombe wanalia nyuma yake.

"Nilirudi nikalikuta wazi, alama za tairi zako juu ya kwato za farasi wangu. Nilijua siku ileile."

"Kwa nini hukusema?"

"Ningesema, nani angekuruhusu ukanyage shamba lake tena? Kitabu kingefia hapo. Mimi nikifukuzwa hapa, napata zizi jingine."

"Ukaniacha nikutukane."

"Nilidhani utakaa chini ukumbuke. Ulikuwepo, Maren."

Nikaanza kulia. Nikamuuliza kama amekisoma.

"Nimekisoma. Wenzangu hapa nao wamekisoma. Wananiita Geti."

"Nisamehe. Rudi nyumbani."

"Nimechoka. Ng'ombe wanasubiri kula."

Akakata. Mzee Orrin naye amempigia mara tatu, hapokei. Mchapishaji aliniambia nakala elfu nne zimeshauzwa na kusambaa, hakuna wa kuzirudisha.

Basi nikachukua kalamu. Nilianzia mjini kwetu, duka linalouza chumvi ya ng'ombe na viatu vya kupandia farasi. Mama Gudrun, mwenye duka, akanikuta nimepiga magoti kwenye rafu.

"Unaniharibia bidhaa."

"Naitengeneza, mama."

Nakata jina la Royce, naandika langu juu yake. Duka kwa duka, mji kwa mji, hata majumbani nimebisha hodi, wengine wakanifungia mlango. Mpaka jana nilikuwa nimefikia nakala themanini na moja. Themanini na moja katika elfu nne! Nimekaa ndani ya gari nikalia kama mtoto.

Ndipo ujumbe ukaingia kwenye simu. Ni Royce, habari za kalamu yangu zimemfikia.

"Nakala yangu bado ina jina langu."

Sijui ananiita au ananisuta, na nimeogopa kumuuliza. Leo asubuhi nimejaza mafuta ya kunifikisha Nebraska, kalamu nimeiweka kwenye dashibodi. Kutoka ranchini hadi barabara kuu kuna mageti matano. Yote nimeshuka, nimefunga, nikarudi kuuvuta mnyororo mara ya pili.