Neno Ambalo Kamusi Hakulijua

Kila jioni, baada ya kuvua sare ya shule na kuosha vyombo, Kamusi aliketi juu ya ndoo iliyopinduliwa na kumfundisha mama yake Kiingereza. Kamusi halikuwa jina alilopewa alipozaliwa. Alilipata siku aliposoma bila kukwama maandishi yote ya Kiingereza yaliyokuwa kwenye kopo la dawa ya mbu. Nyumba nzima ikaanza kumwita hivyo, na baadaye shule nzima. Mwenyewe alilipenda. Ila lilikuwa na taabu yake: mtu akiitwa Kamusi, hategemewi kukosa jibu.

Mama alikuwa mfuaji katika duka la dobi, mtaa wa pili. Kazi yake ilikuwa kufua kwa mikono zile nguo ambazo mashine ingeziharibu: mashela ya maharusi, makoti ya sufu, vitambaa vya meza vyenye nakshi. Dawa ya kuondolea madoa ilikuwa imemchubua vidole, hata jioni nyingine alishindwa kufunga vifungo vya blauzi yake. Sasa mwenye duka, mwanamke ambaye wafanyakazi wote walimwita Bosi, alikuwa akitafuta mtu wa kukaa kaunta na kupokea wateja. Kaunta ilikuwa na kiti. Ilikuwa na feni. Lakini wateja wengi walizungumza Kiingereza, na ndiyo maana mama alikuwa mwanafunzi wa binti yake.

"Doa," mama alisema huku akipiga pasi.

Kamusi akamtajia kwa Kiingereza.

"Wanga wa kukazia kola."

Akamtajia.

"Zipu."

"Hiyo ni zipu tu, mama. Ipitishe puani kidogo."

Wakacheka wote wawili.

Nje, uani, binamu yake Kamusi na wenzake walikuwa wameinamia simu wakicheza mchezo wa mpira. Binamu huyo aliitwa Vidole, kwa jinsi vidole vyake vilivyokimbia juu ya kioo. Kila mmoja alipofungwa goli, aliyemfunga alimrushia neno la Kiingereza, fupi, lenye mlio mkali mwishoni, kisha wote wakaangua kicheko. Neno hilo lilikuwa limeenea mtaani kama mafua. Wasichana waliambiana wakiruka kamba. Asubuhi ile ile Kamusi alikuwa amemwambia rafiki yake, rafiki akamrudishia lile lile, wakashikana mikono wakaingia darasani.

"Hilo nalo ni nini?" mama akauliza. "Nalisikia kutwa kucha."

Kamusi akafungua mdomo, hakikutoka kitu. Alijua neno linatamkwaje. Alijua watu hucheka wakati gani. Maana yake, ndiyo kwanza alitambua kwamba hakuijua. Angeweza kusema "sijui", yakaisha. Lakini mama alikuwa amesimamisha pasi hewani, anamtazama kwa yale macho yake ya kumwamini.

"Ni hodari," akasema. "Mtu hodari. Hasa mwanamke. Mwanamke shupavu."

"Ahaa! Hebu nilijaribu." Mama akalitamka. "Hivi?"

"Libane kidogo mwishoni, mama."

Mama akalirudia na kulirudia mpaka likakaa sawasawa ulimini.

Kesho yake Kamusi aliporudi kutoka shuleni, alimkuta mama nyumbani. Hilo halikuwa jambo la kawaida. Mama alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, viatu vya kazini bado vipo miguuni.

"Mama, unaumwa?"

"Siumwi. Nimerudishwa." Alisema polepole, kama mtu anayejisimulia mwenyewe ili apate kuelewa. "Bosi kaniita mbele ya wateja. Kaniambia, kuanzia leo wewe ni wa kaunta. Furaha ikanipanda, mwanangu. Nikamshika mikono yote miwili, nikamwambia kwa Kiingereza kwamba yeye ni lile neno lako. Na nimelitamka vizuri, ungekuwepo ungejivunia! Mteja mmoja miwani ikamdondoka. Mwingine akaziba mdomo. Bosi akanitazama kama mtu aliyemwagiwa maji ya barafu."

"Halafu?"

"Nikadhani hakusikia. Nikalirudia."

Kamusi akautua mkoba wa shule sakafuni.

"Akaniambia, kunja aproni yako, nenda nyumbani. Basi." Mama alimwinulia macho. "Lile neno maana yake ni hodari, sivyo?"

"Ndiyo, mama," Kamusi alijibu, na sauti yake ikawa ndogo.

"Basi sielewi. Labda hapendi kusifiwa mbele za watu. Wapo watu wa hivyo." Akaitazama mikono yake. "Lakini kufukuzwa kazi kwa kumsifu mtu? Sijapata kuona."

Kamusi alitoka uani kichwa kikimwenda mbio. Labda neno lilikuwa na maana ya hodari kweli, na Bosi ndiye hakuelewa. Labda lilikuwa na maana nyingine, mbaya kidogo, kama "mjanja". Lakini kama lilikuwa baya, mbona watu walicheka? Na kama lilikuwa zuri, mbona Bosi hakucheka? Akamfuata Vidole, aliyekuwa amejinyoosha barazani na simu yake.

"Kaka, lile neno mnaloambiana mkifungana, lina maana gani?"

"Lipi?"

Akamnong'oneza.

"Aa, hilo! La ushindi hilo. Ukimfunga mtu, unamwambia."

"Wakati wa kulisema naujua. Nakuuliza maana."

"Maana si ndiyo hiyo? Nimekufunga."

"Sasa sisi tukiruka kamba, tunaambiana tumefungana?"

Vidole akakuna kichwa. Kwa mara ya kwanza aliacha kuitazama simu. "Wewe ndiye Kamusi bwana! Mimi unaniuliza nini?"

Asubuhi, njiani kwenda shule, Kamusi alimuuliza rafiki yake.

"Mimi nilidhani ni 'rafiki wa kufa na kuzikana'," alisema rafiki. "Si nimelipata kwako?"

"Kwangu? Mimi nimelipata kwako!"

Wakatazamana. Hakuna aliyejua nani alimwambukiza mwenzake.

Wakati wa mapumziko Kamusi aliingia maktabani na kufungua kamusi ya shule. Lile neno halikuwemo. Neno linalolitangulia lilikuwepo, linalolifuata lilikuwepo, na katikati hapakuwa na kitu, kama kiwanja kitupu kati ya nyumba mbili. Alikaa akiukodolea macho ule ukurasa. Mtaa mzima unalisema, kitabu cha maneno hakilitaji, na mama yake yuko nyumbani bila kazi. Kati ya walioonyesha kwa nyuso zao kwamba wanalijua, Kamusi alijua pa kumpata mmoja tu.

Kengele ya kutoka ilipolia, miguu ilimpeleka kwa dobi, ingawa moyo ulimvuta nyumbani. Dukani mlikuwa na mvuke na harufu ya pasi ya moto. Nguo zilining'inia kwenye reli, kila moja na kikaratasi chake cha namba. Nyuma ya kaunta Bosi, mwanamke mrefu mwenye sauti ya chini, alikuwa akikunja mashuka mwenyewe, na rundo lililobaki lilikuwa karibu kumzidi urefu.

"Shikamoo, Bosi."

"Marahaba. Mama yako amekutuma?"

"Hapana. Hajui kama niko hapa. Nimekuja kuuliza." Kamusi alishika ukingo wa kaunta. "Lile neno alilokuambia mama, lina maana gani?"

Mikono ya Bosi ikasimama. "Mtoto, umekuja kunichezea?"

"Haki ya Mungu sikuchezei. Mimi ndiye niliyemfundisha. Nilimwambia ni mwanamke shupavu. Alikuwa anakusifu, Bosi. Kwa moyo wake wote alikuwa anakusifu."

"Na wewe nani alikufundisha?"

"Hakuna. Ile maana niliitunga."

"Uliitunga! Kwa nini?"

"Nilishindwa kusema sijui."

Bosi aliliweka shuka chini. Kisha akamwita apite nyuma ya kaunta, wakasimama kati ya makoti.

"Nilipokuwa msichana," Bosi alisema, "nilikwenda nchi ya mbali kufanya kazi za ndani. Mwenye nyumba alilijua jina langu, lakini hakulitumia hata siku moja. Aliniita kwa neno hilo. Chai ikichelewa, neno hilo. Mtoto akilia, neno hilo. Mimi nikadhani ndivyo wanavyomwita msaidizi. Nikawa naitika. 'Abee!' naitika, na tabasamu juu. Mpaka siku mwenzangu wa nyumba ya jirani alipoweza kunieleza maana yake. Nililia siku ile. Tusi lenyewe lilikuwa si kitu. Nililia kwa sababu nilikuwa nimeliitikia."

Aliinama, akamwambia Kamusi maana yake sikioni, kwa Kiswahili. Lilikuwa neno la kumfananisha mwanamke na mnyama na kumvua heshima yake yote. Kamusi alihisi masikio yakimuungua.

"Lakini sisi tunaambiana tunacheka," alisema. "Hata kwenye video wanaambiana, wanacheka. Sielewi."

"Hata wenye lugha yao wapo wanaotaniana nalo, marafiki kwa marafiki. Na wapo waliopigana kwa ajili yake. Wao wanajua wameshika kaa la moto, wanajua walishikeje na wamrushie nani. Ninyi mmeliokota gizani mkadhani ni mpira." Bosi alilichukua tena shuka lake. "Kesho mama yako arudi kazini. Lakini habari hii sitamweleza mimi. Aliyemfundisha ndiye atakayemfundua."

Kamusi alipofika nyumbani alimkuta mama akichambua mchele. Hakukaa. Alisimama mbele yake akasema yote kwa pumzi moja, tangu pasi iliyosimama hewani hadi makoti ya dukani. Alipomaliza, mama aliliweka sinia chini.

"Jana nilikuuliza tena," mama alisema. "Ukaniambia ndiyo."

"Ndiyo, mama. Nisamehe."

"Basi lina maana gani? Niambie kwa Kiswahili."

Kamusi akafungua mdomo. Aliyaona macho ya mama, akaiona mikono iliyochubuka, na ulimi ukawa mzito kama jiwe. Akajaribu tena. Machozi ndiyo yaliyotoka.

"Hulijui?"

"Nalijua, mama. Sasa nalijua. Siwezi kukuambia wewe."

Mama aliyatazama machozi yale. "Basi nimekwisha kulielewa," alisema taratibu. Ghafla akajifunika uso kwa khanga. "Na mimi nikamwambia mara mbili! Na mikono nimemshika!" Mabega yakaanza kumtikisika, na Kamusi hakuweza kujua kama mama analia au anacheka. Huenda hata mama mwenyewe hakujua.

Alipotulia, alimwita Vidole ndani. "Wewe pia sikiliza. Neno ambalo ulimi umekataa kumwambia mama kwa lugha yake, mmelirusha mtaani kwa lugha ya watu kama kokoto. Kinywa chako hakihisi uzito wake kwa sababu si lugha uliyonyonya nayo. Lakini anayelipokea huenda alikwisha kuumizwa nalo. Usipoweza kulisema mbele ya mama yako kwa Kiswahili, usimwambie mtoto wa mwenzio kwa lugha yoyote."

Simu mkononi mwa Vidole ililia kwamba mchezo umeanza, naye hakuigusa.

Asubuhi mama na Kamusi walifika dukani kabla milango haijafunguliwa. Bosi alipotokea na funguo zake, mama alimwendea.

"Dada yangu, nisamehe. Nilikutukana bila kujua."

"Binti yako amenieleza," Bosi alisema. Pembe za midomo yake zikaanza kucheza. "Na mimi nilifanya haraka. Nimetukanwa sana maishani, lakini sijawahi kutukanwa kwa furaha namna ile."

Wakacheka, kwanza kwa aibu, kisha kwa nguvu, mpaka Bosi akashindwa kuingiza ufunguo kwenye kufuli.

Kabla Kamusi hajaondoka kwenda shule, mteja wa kwanza aliingia na koti zito mkononi. Mama alikuwa ameketi kaunta, mgongo umenyooka. Yule bwana alisema jambo kwa Kiingereza, upesi upesi, na katikati yake kulikuwa na neno moja geni. Mama akageuka kumtazama binti yake.

Kamusi alihisi lile joto la zamani la kutaka kujibu tu, lolote lile. Akavuta pumzi.

"Hilo silijui, mama."

Mama akatikisa kichwa kukubali, akamgeukia mteja na kusema kwa Kiingereza chake. "Samahani, bwana. Neno hilo hatulijui. Tuonyeshe."

Yule bwana hakukasirika. Alilipindua koti, akawaonyesha bitana iliyochanika karibu na mfuko, akalitamka tena lile neno taratibu. Mama akalirudia, Kamusi akalirudia, na koti likaandikiwa namba yake.

"Umeona?" mama alimwambia binti yake akimsindikiza hadi mlangoni. "Ukisema 'sijui', mwenye kujua anakufundisha. Ukitunga, mwingine ndiye analipa. Haya, kimbia, utachelewa."